Namna ya Kubuni Mfumo wa Kugawa Malighafi ya Muda, Kutoka Angani Hadi Mbagala

Mwongozo huu ni kwa ajili ya mwandishi anayetaka kujenga ulimwengu wa kubuni ambamo muda hauji bure. Unagemwa mbali huko angani ukiwa mbichi, unasafirishwa, unapimwa, unagawiwa, na njiani unaibwa. Nimeuweka mwisho wa mtandao huo Dar es Salaam kwa makusudi. Msomaji wa jiji hili anaujua mgao vizuri. Oktoba 2022, ukame uliposhusha kina cha Mto Ruvu, jiji lilirudi kwenye ratiba za maji, madumu na kusubiri maboza. Ukimwambia msomaji huyo kwamba muda nao una mgao, hatauliza unawezekanaje. Atauliza zamu ya mtaa wake ni lini. Swali hilo la pili ndilo linalobeba hadithi, na hatua zote zinazofuata zinalitumikia.

Uwe na daftari, ramani ya jiji, jedwali la kujaa na kupwa kwa maji ya bahari, na kalenda inayoonyesha mwezi mwandamo na mwezi mpevu.

Hatua ya kwanza: anzia kwenye koki

Waandishi wengi huanzia juu. Wanabuni baraza la viumbe wa kale, mtambo mkubwa kuliko jua, vita vya miaka elfu kumi, na hadi ukurasa wa ishirini hujakutana na mtu hata mmoja mwenye njaa. Wewe anzia chini kabisa, pale bidhaa inapomfikia mtumiaji.

Chagua nyumba moja. Mimi ningechagua nyumba ya kupanga Mbagala Rangi Tatu, vyumba sita, ua mmoja, na koki moja ya muda ukutani karibu na choo. Andika majibu. Ufunguo wa koki anao nani? Mwenye nyumba anaishi hapohapo au yuko Chanika? Bili inagawanywa kwa vyumba au kwa vichwa? Mama mwenye watoto wanne analipa sawa na kijana anayekuja kulala tu? Ukiweza kujibu haya bila kusita, tayari una ugomvi wa kwanza wa hadithi, na hujagusa nyota hata moja.

Halafu amua jambo zito kuliko yote: muda usipotoka, inakuwaje? Jibu jepesi ni kwamba watu wanaganda pale walipo. Silipendi, kwa sababu mtu aliyeganda haumii, halalamiki wala hafanyi uamuzi. Napendekeza kwamba watu waendelee kutembea, kusema na kufanya kazi, ila mambo yasifike. Mama lishe anachochea moto na maharage hayaivi. Kidonda hakifungi. Mimba ya miezi saba inabaki ya miezi saba. Wakati huohuo kodi ya nyumba haifiki tarehe, na marejesho ya mkopo wa kikundi hayaiti. Maana yake wapo watakaofurahi koki ikikauka. Wodini Muhimbili kitanda kimoja kina mtu anayesubiri mfupa uunge, anauhitaji muda kuliko dawa. Kitanda cha pili kina mzee ambaye ndugu zake wanaomba zamu yake icheleweshwe. Muuguzi mwenye ufunguo wa koki ya wodi hiyo ana kazi ngumu kuliko ya mfalme yeyote uliyetaka kumbuni.

Usiende hatua ya pili kabla hujaandika ukurasa mzima kuhusu siku moja ya nyumba ile, siku ambayo mgao haukufika.

Hatua ya pili: ipe malighafi jina na tabia

Hapa nitaiita utomvu. Wewe tafuta jina lako, lakini liwe fupi, linalotamkika na mtu mwenye haraka akiwa kwenye foleni.

Sasa tabia. Tatu zinatosha, mradi uziheshimu hadi mwisho wa kitabu. Utomvu wangu hautengenezwi, unagemwa tu, hivyo kiasi kilichopo ulimwenguni hakiongezeki. Pili, una uzito, kwa hiyo kuupandisha mlimani au ghorofani kunagharimu. Tatu, hauhifadhiki: ukikaa tangini zaidi ya siku tatu unaganda na kuwa kumbukumbu, kitu unachoweza kukitazama lakini huwezi tena kukiishi. Tabia hii ya tatu inaua wazo la tajiri mwenye ghala la miaka elfu. Tajiri wa hadithi yako hana akiba. Ana bomba pana. Msomaji atamchukia kwa sababu sahihi zaidi.

Kipimo kisiwe sekunde. Tangu 1967 sekunde imefafanuliwa kwa mitetemo 9,192,631,770 ya mnururisho wa atomu ya siziamu-133, na kitu kilichopimwa kwa ukali huo ni bidhaa iliyokwisha kutengenezwa. Sisi tunashughulika na mali ghafi. Tumia vipimo vya sokoni pwani: kibaba, na pishi yenye vibaba vinne. Kibaba kimoja cha utomvu ni muda wa kuivisha chungu cha maharage. Kila mhusika atakielewa, na wewe utaweza kufanya hesabu bila kikokotozi.

Hatua ya tatu: chanzo

Usikae sana hapa. Msomaji anataka kujua chanzo kipo na kina ukomo, basi.

Pendekezo langu ni palsa, nyota zilizokufa ambazo zinazunguka kwa kasi na kutoa mapigo ya redio yanayopishana kwa usawa wa ajabu. Ya kwanza iligunduliwa na Jocelyn Bell Burnell mwaka 1967 huko Cambridge. Pigo lake lilirudi kila baada ya sekunde 1.33 hivi. Iliyo na kasi kuliko zote zinazojulikana huzunguka mara 716 kwa sekunde. Wagema wako wakae huko, wakinga utomvu pigo kwa pigo.

Utaona 1967 imejitokeza mara mbili. Ongeza ya tatu: Februari mwaka huohuo lilitangazwa Azimio la Arusha, na njia kuu za uchumi zikawekwa mikononi mwa umma. Hiyo ni zawadi kwa mwandishi wa Kitanzania, na ningesikitika kuona inapotea. Mwaka mmoja, sekunde inapata maana mpya, chanzo kinaonekana kwa mara ya kwanza, na nchi inaamua kwamba mali kubwa ni ya wote. Katika ulimwengu wako, utomvu nao ulitaifishwa mwaka huo. Kabla ya hapo ulikuwa wa nani? Sura nzima imo ndani ya swali hilo.

Hatua ya nne: njia, kupitia nyufa zilizopo

Hapa tulia, maana ndipo mfumo unapopata nguvu au unapobaki porojo. Usibuni njia mpya kabisa kutoka palsa hadi Mbagala. Muda halisi wa Dar es Salaam una nyufa, mahali ambapo hesabu haifungi sawasawa. Pitisha bomba lako humo, na mambo ya kweli yatakusaidia kuubeba uongo wako.

Ufa wa kwanza ni dakika 23. Saa ya Afrika Mashariki imepangwa kwa mstari wa longitudo ya digrii 45 mashariki, ambao haugusi Tanzania popote. Uko baharini kwa upande wetu. Dar iko karibu digrii 39.3. Jua huchukua dakika nne kwa kila digrii, kwa hiyo saa ya ukutani inapoonyesha saa sita kamili mchana, jua la Kariakoo bado halijafika kileleni mwa safari yake. Kwa wastani linahitaji kama dakika 23 zaidi. Kigoma, magharibi kabisa, pengo hilo linazidi saa nzima kidogo. Nchi yote inafuata saa ileile, na pengo linanyamaziwa. Uliza katika hadithi: dakika hizo za kila siku zimewekwa wapi, nani anazitunza, na Kigoma wanadai kiasi gani hadi leo?

Ufa wa pili ni mwezi, na huu ndio ningeufanya bomba kuu. Kila mvuvi wa Kunduchi anajua kwamba maji hujaa na kupwa mara mbili kwa siku na kwamba yanachelewa kama dakika 50 kila siku inayofuata. Anajua bamvua, siku za karibu na mwezi mwandamo na mwezi mpevu, ambapo Dar maji hupanda na kushuka kwa zaidi ya meta tatu, na yanajaa mida ya saa kumi, alfajiri na alasiri. Anajua pia maji mafu, mwezi ukiwa nusu, bahari inapokuwa haina nguvu ya kwenda wala kurudi. Basi utomvu uje na maji. Bamvua ni siku za neema. Maji mafu ni siku za mgao. Kituo cha kupokelea kiwe Feri, pale soko la samaki lilipo. Wahandisi wakuu wa mfumo wawe wavuvi, kwa kuwa elimu ya ratiba wanayo tayari vichwani mwao. Dira kuu ya jiji, yaani mita ya kupimia utomvu, ifungwe pale Mnara wa Saa, uliojengwa mwaka 1961 kuadhimisha Dar kupewa hadhi ya jiji, Barabara ya Samora inapokutana na Uhuru.

Mwezi una jambo jingine ambalo mwandishi hapaswi kuliacha. Msuguano wa maji kujaa na kupwa unaipunguzia dunia kasi ya kujizungusha, na siku inarefuka kwa takriban milisekunde mbili kila karne. Mwezi nao unasogea mbali kwa sentimeta 3.8 hivi kila mwaka. Hilo hupimwa kwa miale ya leza inayorudishwa na vioo vilivyowekwa huko na wanaanga wa Apollo kuanzia 1969. Hii ni sayansi ya kawaida kabisa. Kwenye hadithi yako ni mbeba mizigo anayejikatia ujira kidogokidogo na kuondoka nao.

Ufa wa tatu ni kimo. Einstein alionyesha kwamba saa iliyo karibu na kitu kizito huenda polepole kuliko iliyo mbali nacho, na vipimo vimethibitisha. Saa za setilaiti za GPS, kasi yao ya mwendo ikishajumlishwa kwenye hesabu, hutangulia saa za ardhini kwa kama mikrosekunde 38 kila siku, na lazima zirekebishwe. Saa ikiwa kilele cha Kilimanjaro, meta 5,895, hutangulia ya ufukweni kwa zaidi ya nanosekunde 50 kwa siku. Ni kidogo mno kwa mpishi, lakini ni kweli, na kwa mtu anayekaa ghorofa ya ishirini Posta ni hoja ya kisheria: yeye yuko juu, anapata zaidi, je, alipe zaidi? Mtu wa bondeni Jangwani atakuwa na maoni yake.

Wa nne ni mdogo lakini naupenda kuliko zote. Kwa kuwa dunia haizunguki sawasawa na saa za atomu, tangu 1972 wakuu wa vipimo wameongeza sekunde za nyongeza 27. Ya mwisho iliingizwa mwisho wa Desemba 31, 2016 kwa saa ya dunia. Hapa kwetu ilikuwa tayari Januari 1, 2017, saa nane usiku na dakika 59, na baada ya sekunde ya 59 ikaja sekunde ya 60. Jiji zima lilipewa sekunde moja bila bili wakati watu wakirudi kutoka mikesha ya mwaka mpya. Mwaka 2022 mkutano mkuu wa kimataifa wa vipimo na mizani uliamua utaratibu huo ubadilishwe ifikapo 2035. Kwa hiyo una tarehe ya mwisho halisi, na mhusika anayejua kwamba dirisha linafungwa.

Hatua ya tano: weka watu kwenye mabomba

Mfumo wa angani unaaminika pale unapokuwa na mjumbe mwenye daftari. Shuka ngazi kwa ngazi: wagema kwenye palsa, wabebaji mwezini, wapokeaji Feri, ofisi ya mgao ya wilaya, mwenyekiti wa serikali ya mtaa, mjumbe wa nyumba kumi, mama mwenye nyumba. Kila ngazi iwe na mtu mmoja mwenye tamaa moja na hofu moja. Ngazi za juu zitaje kwa mistari miwili mitatu. Tumia nguvu zako kuanzia mwenyekiti kushuka chini.

Kisha weka wasioandikwa popote. Kila mtandao wa mgao una vishoka, mafundi wasio na kitambulisho wanaojua mabomba kuliko wenye vitambulisho. Una walanguzi pia. Wazee wanakumbuka mwanzoni mwa miaka ya 1980, sukari na sabuni vilipoadimika, watu wakapanga foleni kwenye maduka ya kaya, na mwaka 1983 Waziri Mkuu Edward Sokoine akaongoza msako wa wahujumu uchumi. Zungumza na wazee hao kabla hujaandika mlanguzi wako. Watakueleza mizigo ilifichwaje, nani alimchoma nani kwa polisi, na ndoa gani zilivunjika kwa sababu ya gunia moja la sukari. Utapata mambo ambayo akili yako peke yake isingeyabuni.

Msikilize kishoka wako anavyoongea. Mfano:

— Shikamoo mama.

— Marahaba mwanangu. Zamu yetu lini?

— Ratiba inasema kesho alfajiri, maji yakijaa. Ila mama, nyie mko mwisho wa laini. Presha ikivuka Tazara inakuwa imelegea.

— Sasa na haya maharage yangu? Tangu asubuhi yananitolea macho.

— Ipo njia. Nakuchepushia kutoka laini ya kiwandani, kibaba kimoja tu. Nipe elfu tano.

— Na huyo wa kiwandani je?

— Hatajua. Jioni yake itakuwa fupi kidogo, atadhani kachoka.

Angalia kwamba hakuna anayeeleza utomvu ni nini. Wanaoishi na kitu hawakielezi. Ukijikuta mhusika wako anamweleza mwenzake jambo ambalo wote wawili wanalijua, futa, umpe mgeni kutoka mkoani aulize.

Hatua ya sita: tengeneza ratiba

Pwani yetu ina kalenda iliyokaa tayari kwa kazi hii. Mwaka wa Nairuzi una siku 365, umegawanywa katika miongo 36 ya siku kumikumi, na siku tano zinabaki. Hauna siku ya nyongeza kila mwaka wa nne, kwa hiyo unateleza taratibu ukilinganishwa na kalenda ya ukutani. Makunduchi, Unguja, bado wanauadhimisha kwa Mwaka Kogwa mwezi Julai. Kila mwongo uwe duru moja ya mgao, na siku tano zilizobaki ziwe za matengenezo, koki zote zimefungwa. Fikiria Dar ikikaa siku tano bila kitu kuiva.

Saa za siku zihesabiwe kuanzia macheo, kama tunavyofanya. Hilo linawezekana kwa sababu tuko karibu na ikweta: tofauti ya siku ndefu na siku fupi hapa Dar haifiki saa moja kwa mwaka mzima. Mhusika wa London asingeweza kuishi kwa ratiba hiyo, na kama hadithi yako ina ofisi ya kimataifa, hapo pana mgogoro mzuri wa kikao.

Hatua ya saba: funga hesabu

Andika mizania ya siku moja. Hizi namba ni za kubuni, weka zako. Siku ya bamvua Feri inapokea pishi 1,000. Hospitali 150. Viwanda na katikati ya jiji 300. Makazi 350. Upotevu unaojulikana 120, na mwingi wake unavujia kwenye foleni. Mtu yeyote aliyesimama Ubungo saa kumi na mbili jioni atakuamini bila maelezo. Jumla ni 920. Zimebaki pishi 80 ambazo hakuna daftari linalozionyesha.

Usizitafutie maelezo haraka. Hizo 80 ndizo zitakazomfanya karani mmoja, mwenye mshahara mdogo na macho makali, abaki ofisini baada ya wenzake kuondoka. Jibu liwe na sura ya mtu anayemjua. Kama jibu lako ni kiumbe wa ajabu kutoka galaksi nyingine, umekimbia kazi.

Hakikisha pia kwamba siku ya maji mafu jumla inashuka, na kwamba umeamua nani anakatwa kwanza. Andika amri hiyo kwa lugha ya tangazo la ofisi, mistari sita, pamoja na mhuri. Ukiisoma na ikakutia hasira, umeipata.

Hatua ya nane: kata bomba uone

Mfumo uliobuniwa vizuri unavunjika kwa namna inayotabirika. Chagua tukio moja: pantoni la Kigamboni limebeba mapipa ya utomvu na limekwama katikati ya mkondo, siku ya tatu inakaribia. Andika kurasa mbili za kila mmoja kati ya hawa watatu: mvuvi aliyepokea mzigo, mwenyekiti wa mtaa ng'ambo ya pili, na mama lishe wa Mbagala ambaye hahusiki kabisa na Kigamboni lakini laini yake inapata presha kutoka huko.

Linganisha kurasa hizo. Kila mmoja anapaswa kupoteza kitu tofauti na kufanya uamuzi tofauti kabla utomvu haujaganda. Wawili wakifanya kitu kilekile, rudi hatua ya pili, badilisha tabia moja ya malighafi, ukate bomba tena mahali pengine: Tazara, Mnara wa Saa, au koki ya wodini.